Mshindi Hupatikana Darasani, Si Bomas



Nilikuwa mtoto wa shule ya msingi mwaka 1988 nilipofuatana na marehemu baba yangu, mzee wa kanisa, kwenda uwanjani siku ya mlolongo. Wakati huo chama kilikuwa kimoja tu, na wanachama walitakiwa kusimama foleni nyuma ya mtu wamtakaye wahesabiwe hadharani, mchana kweupe. Foleni aliyosimama baba ilikuwa ndefu hata ikapinda kwenye kona ya uwanja. Ile ya pili ingetosha katika kivuli cha mti mmoja. Jioni tukasikia kwamba foleni fupi ndiyo iliyoshinda. Baba hakutamka neno njia nzima. Tulipofika nyumbani alivua kofia, akaniambia: "Mwanangu, tumehesabiwa, lakini hapana aliyeandika."

Nimekuwa wakili kwa miaka mingi sasa, nimesoma hukumu nyingi za kesi za uchaguzi, na sijaona sentensi inayoeleza ugonjwa wetu vizuri zaidi ya hiyo. Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Kura ni mali ya mwananchi, na daftari lake ni karatasi moja inayojazwa usiku, katika darasa lenye madawati madogo, baada ya wengi wetu kwenda kulala. Hoja yangu leo ni kwamba uchaguzi wa rais huamuliwa katika darasa hilo. Anayelinda ukumbi wa Bomas huku ameliacha darasa bila mlinzi amefunga dirisha na kuacha mlango wazi.

Tuanze na sheria. Ibara ya 86 ya Katiba ya 2010 inaagiza kwamba kura zihesabiwe katika kituo, na matokeo yatangazwe bila kukawia na msimamizi wa kituo hicho. Ibara ya 138 inasema kwamba baada ya kura kuhesabiwa vituoni, tume hujumlisha na kuthibitisha hesabu, kisha mwenyekiti wake hutangaza matokeo kabla ya siku saba kupita tangu uchaguzi. Angalia maneno hayo kwa makini. Kuhesabu ni kazi ya kituo. Kazi ya Nairobi ni kujumlisha na kuthibitisha kile ambacho wananchi wamekwisha kuamua.

Utaratibu wenyewe si mgumu. Kituo kimoja hakiruhusiwi kuandikisha wapiga kura zaidi ya 700. Kituo kinapofungwa, sanduku hufunguliwa mbele ya mawakala, kila karatasi huinuliwa, na jina la aliyechaguliwa husomwa kwa sauti. Wakala asiyeridhika aweza kuomba hesabu irudiwe, ingawa si zaidi ya mara mbili. Kisha msimamizi hujaza Fomu 34A: kura za kila mgombea, kura zilizokataliwa, na idadi ya waliojiandikisha. Mawakala hutia sahihi na kupewa nakala. Nakala nyingine hubandikwa kituoni, mahali pa wazi kwa umma, na picha ya fomu hupelekwa kwa mtambo hadi kituo cha kitaifa. Fomu zote za eneo bunge hujumlishwa katika Fomu 34B, na hizo nazo hujumlishwa katika Fomu 34C, ambayo ndiyo husomwa mbele ya taifa.

Nataka mawakala wasikie jambo moja hapa. Ukikataa kutia sahihi, matokeo hayabatiliki kwa sababu hiyo pekee. Anayesusa na kuondoka kwa hasira bila kuandika sababu zake amemnyima mgombea wake ushahidi, na amemwachia mpinzani kalamu.

Haikuwa hivi siku zote. Katika chaguzi za 1992 na 1997 masanduku yalibebwa kutoka vituoni hadi kumbi za kuhesabia, na yaliyotokea njiani yalibaki kati ya Mungu na dereva. Mgombea alihitaji tu kuwapita wenzake na kupata asilimia 25 ya kura katika mikoa mitano kati ya minane, na rais wa wakati huo alishinda mara zote mbili kwa chini ya asilimia 41. Kuhesabia kura vituoni kulianza katika uchaguzi wa 2002. Ulikuwa ushindi wa watu waliopigwa virungu kwa ajili ya mageuzi, na wengi wao hawakuishi kuuona.

Hata hivyo, kuhesabu vizuri kijijini hakufai kitu ikiwa hesabu itabadilika njiani kwenda jijini. Hilo ndilo funzo la 2007. Wananchi walihesabu vituoni, lakini matokeo yalipokuwa yakijumlishwa na kusomwa katika jumba la KICC, tarakimu zilizotoka huko hazikulingana na zilizotangazwa kwingine. Mwenyekiti wa tume mwenyewe, marehemu Samuel Kivuitu, aliwaambia wanahabari siku chache baadaye kwamba hakujua kama Mwai Kibaki alikuwa ameshinda. Tume ya Jaji Kriegler ilipochunguza mwaka 2008 ilikuta makosa mengi mno katika kunakili na kujumlisha, hata ikaamua kwamba haiwezekani kujua kwa hakika nani alishinda. Katikati ya swali hilo lisilo na jibu, zaidi ya watu 1,100 walikuwa wamekwisha kuuawa. Kule Kiambaa, karibu na Eldoret, kanisa lilichomwa moto Januari 1, 2008, na ndani yake walikuwamo watu waliokimbilia humo kuokoa maisha yao. Wanakanisa wanaouliza hesabu za kura zinawahusu nini wakumbuke siku hiyo.

Mlango huo ulianza kufungwa na mahakama. Katika kesi iliyoletwa na Maina Kiai na wenzake, Mahakama ya Rufaa iliamua Juni 23, 2017 kwamba matokeo ya rais yaliyotangazwa katika eneo bunge ni ya mwisho, na wakuu wa tume jijini hawana mamlaka ya kuyabadilisha. Miezi miwili baadaye hukumu hiyo ilijaribiwa. Mshindi alitangazwa huku maelfu ya Fomu 34A zikiwa hazijafika, na tume ilipoagizwa na mahakama ifungue mitambo yake ikaguliwe, haikutii ipasavyo. Septemba 1, 2017 Mahakama ya Juu, chini ya Jaji Mkuu David Maraga, ilibatilisha uchaguzi huo kwa kauli ya majaji wanne dhidi ya wawili. Mahakama haikusema nani alikuwa na kura nyingi zaidi. Ilisema kwamba njia iliyotumika kuzipata hesabu haikufuata Katiba, na kwamba uchaguzi ni safari nzima, si tangazo la mwisho peke yake.

Sasa tufanye hesabu ndogo. Katiba humtaka mshindi apate zaidi ya nusu ya kura zote halali, na angalau asilimia 25 katika kaunti 24 kati ya 47. Mwaka 2022 William Ruto alitangazwa kuwa na kura 7,176,141, naye Raila Odinga 6,942,930. Tofauti yao ni kura 233,211. Vituo vilikuwa 46,229. Gawanya mwenyewe, ndugu msomaji. Tofauti hiyo ni kura tano kwa kila kituo. Na zile zilizomvusha mshindi juu ya nusu hazikufika 70,000, yaani kama kura moja na nusu kwa kituo. Haba na haba hujaza kibaba, na kibaba hicho ni Ikulu.

Simaanishi kwamba kura hizo ziliibwa. Makamishna wanne kati ya saba waliyakana matokeo, kesi zikapelekwa Mahakama ya Juu, na Septemba 5, 2022 majaji wote saba wakayathibitisha. Makamishna hao hawakuleta waraka wowote wa kuonyesha kwamba hesabu ilikuwa na kasoro. Fomu zilizokaguliwa hazikutofautiana na picha zilizokuwa kwenye tovuti ya tume. Wenzetu wengi waliumia moyo siku hiyo, nami naelewa. Lakini ni lazima tuseme ukweli: kwa mara ya kwanza karibu fomu zote za vituo ziliwekwa wazi, na mtu yeyote mwenye simu na subira aliweza kujumlisha mwenyewe. Ndiyo sababu, naamini, nchi haikurudi ilikokuwa 2007. Anayedai hesabu ya wazi akubali pia hesabu hiyo inapompinga. Mageuzi yanayokubali tu ushindi wetu si mageuzi. Ni mlolongo wa 1988 uliogeuzwa upande.

Wako wanaosema kwamba kura huibwa hata ufanye nini, kwa hiyo afadhali kulala. Nawajibu kwamba mwizi hana rafiki mkubwa kuliko aliyekata tamaa. Wako pia wanaosema kwamba kanisa likae mbali na siasa. Hao nawakumbusha shamba la Nabothi. Halikuchukuliwa kwa upanga peke yake. Kwanza ziliandikwa barua, zikapigwa muhuri wa mfalme. Kisha wakatafutwa mashahidi wawili wa uongo. Na wazee wa mji, waliomjua Nabothi vizuri na kula naye, walisoma barua hizo wakatekeleza. Dhambi ya Yezebeli twaihubiri kila mwaka. Dhambi ya wale wazee, waliojua ukweli wakakaa kimya mbele ya karatasi yenye muhuri, twaipita haraka. Wakala anayetia sahihi fomu isiyojazwa kwa sababu amepewa bahasha ni mmoja wa wazee hao, hata kama Jumapili huimba kwaya.

Basi tufanye nini? Katiba imeweka uchaguzi mkuu Jumanne ya pili ya Agosti ya kila mwaka wa tano, kwa hiyo hakuna anayeweza kusema alishtukizwa.

Kwanza, kila parokia na kila ushirika uombe mapema kibali cha watazamaji kutoka tume, ili wawepo ndani watu wasiolipwa na mgombea yeyote. Wachaguliwe wenye subira na mwandiko unaosomeka, wapelekewe chai na chakula, maana wakala mwenye njaa saa nane za usiku hununulika kwa bei ya mkate.

Pili, fomu inapobandikwa, isomwe na wengi na ipigwe picha. Kila kanisa lifungue daftari la vituo vya jirani yake, na tarakimu ziandikwe humo kwa wino usiku uo huo. Kesi ya kupinga uchaguzi wa rais hupelekwa mahakamani ndani ya siku saba baada ya tangazo, na huamuliwa ndani ya siku kumi na nne. Hakuna wakili duniani anayeweza kuanza kutafuta ushahidi wa maelfu ya vituo katika muda huo. Usipokuwa umekwisha kuandikwa alfajiri ya Jumatano, haupo.

Tatu, tuilinde tovuti ya fomu kama tunavyolinda sanduku. Sheria ya Uchaguzi inaitaka tume izichapishe. Siku atakayesimama mtu kupendekeza zifichwe, kwa kisingizio cha gharama au usalama, tumwulize anaogopa hesabu gani.

Baba yangu alifariki kabla ya kuona fomu ikibandikwa mlangoni pa kituo. Mimi nimeiona. Nilikesha kituoni mwaka 2022, katika shule inayofanana sana na ile ya utoto wangu, na mapambazuko yalipofika nilimkuta bibi mmoja mzee, amejifunga leso, akifuata tarakimu kwa kidole mlangoni, moja baada ya nyingine. Mgombea wake alikuwa ameshindwa hapo. Alisoma hadi mwisho, akageuka, akasema, "Haya. Ndivyo tulivyosema." Kisha akaenda shambani.

Kazi yetu, ndugu zangu, ni kuhakikisha kwamba alichosoma bibi yule mlangoni ndicho kitakachosomwa Bomas, bila kuongezwa wala kupunguzwa hata kura moja.