RUFANI INAKUFIA MLANGONI

Wandugu wafanyakazi, na ninyi wote wenyi kukaa katika miji ya Katanga,

Tuseme mtu amehukumiwa kupoteza kiwanja chake. Anakata rufani, ile wengi wanaita apeli. Anatoa feza, anangoja miezi. Siku ya kuitwa anasimama mbele ya majuji, anaambiwa: rufani yako haipokelewi. Je, wamesema kiwanja si chake? Hapana. Wamesema nakala ya hukumu aliyoleta haina sahihi ya karani. Juu ya kiwanja hawakutamka hata neno moja.

Nakala ile nani aliiandika? Si yeye. Iliandikwa na karani wa tribunali ya kwanza, ikapigwa muhuri wa serikali. Karani amekosa, mnyonge anafukuzwa! Kule mgodini, fundi akifunga kamba vibaya, wanamwazibu yule aliyeanguka shimoni?

Sheria yenyewe ni ya tarehe 7 Machi 1960. Tazameni vizuri tarehe hiyo. Meza ya Mviringo ya Bruxelles ilikwisha mwezi wa Februari, uhuru ulikuja tarehe 30 Juni. Katikati hapo koloni ilituandikia namna ya kushitakiana, na mpaka leo tunahukumiwa kwayo. Inatoa siku 30 za kukata rufani, tangu kuletewa hukumu. Kiisha inamtaka mwenyi kukata rufani alete mwenyewe nakala halali ya hukumu, karatasi za kuitwa, na maandiko ya kila upande. Yote kwa Kifaransa.

Hatukatai siku 30. Bila mpaka wa siku, tajiri angevuta kesi mpaka mjane achoke na kuhama. Tunakataa mtu kulipa kosa la ofisi.

Katiba ya 2006, katika article 21, inaahidi watu wote haki ya kukata rufani, kwa namna sheria inavyoweka. Maavoka watatuambia: someni maneno ya mwisho. Tumeyasoma. Kuweka namna ya kupita si kufunga njia.

Basi, chama chetu kinadai hivi. Sahihi ikikosekana, majuji wampe mtu siku za kurudi kwa karani, ao wamwamuru karani wenyewe: tribunali hizi mbili si za serikali moja? Mwenyi kuleta hukumu nyumbani aseme kwa Kiswahili: una siku 30, nenda mahali fulani, chukua karatasi hizi. Tena sheria inaruhusu maskini asamehewe malipo, kama mkubwa wa tribunali akikubali umaskini wake. Jambo hilo lipigwe kwa herufi kubwa ukutani, si kufichwa katika kitabu.

Na mpaka watakapoitika, ndugu, ukipewa nakala usiondoke dirishani. Fungua kila ukurasa mbele ya karani, tafuta sahihi, tafuta muhuri. Kama havipo, mrudishie palepale.