Embarambamba, Kamera na Suala la Utendaji

Zinapotajwa video za Embarambamba, mwimbaji wa injili kutoka Nyamira, jibu la kwanza huwa kicheko. Huyu ndiye aning'iniaye mitini, agaagaaye matopeni na kuwakimbilia ng'ombe malishoni huku wimbo ukiendelea. Mwaka 2025 kicheko kiligeuka amri: bodi ya serikali inayoainisha filamu nchini Kenya ilimtaka aondoe baadhi ya video zake kwa hoja ya maadili. Wahakiki wa fasihi, ambao hasa ndio wenye kazi hiyo, wamewaachia uwanja wachekaji na wafutaji.

Jambo hili si geni. Mwezi Machi 1963, mjini Wuppertal, Ujerumani, Nam June Paik, Mkorea aliyesomea muziki, alionyesha piano pamoja na televisheni alizozichezea mitambo hata picha zikapinda. Juu ya mlango alitundika kichwa cha fahali aliyetoka kuchinjwa. Polisi walikiondoa. Leo maonyesho yayo hayo huhesabiwa miongoni mwa chimbuko la sanaa ya video, nayo yalizaliwa na wanamuziki wa pembezoni.

Haidaiwi hapa kwamba Embarambamba ni Paik. Huyo alikuwa na nadharia na jumba la maonyesho. Huyu ana malisho na kamera. Hata hivyo, swali linabaki lile lile: mwili wa mwanamuziki ufanye nini mbele ya mtambo? Mwanafunzi wa fasihi simulizi anao msamiati wa kulijibu: fanani, hadhira, utendaji. Mpigaji wa obokano, ala ya nyuzi nane ya Abagusii, huzungukwa na watu wanaomwitikia. Malishoni hakuna wa kuitikia ila lenzi, na pengine ndiyo sababu mwili unalazimika kupiga kelele. Uchambuzi wa namna hiyo ndio utakaotuwezesha kusema, kwa hoja, kwamba mle matopeni mwili uliujibu wimbo, ilhali katika baadhi ya video za karibuni wimbo umekuwa kisingizio tu cha kushtua. Bodi haina nafasi ya tofauti hiyo. Kwake ni kufuta au kuacha.

Idara za Kiswahili hutuma wanafunzi vijijini kurekodi nyimbo za jando na za harusi. Wafikapo Nyamira, hapana budi wahifadhi na hizi kabla hazijafutwa, pamoja na tarehe, mahali, na jina la aliyeishika kamera, ambalo mara nyingi husahauliwa.