Radhi iliombwa kwa nani?

MIZANI, na Salma Mwinyihaji

Neno “dharau” limetupotosha. Katika maongezi ya nyumbani, aliyekudharau amekukosea wewe. Akija ameinamisha kichwa na kuomba radhi, ungwana ni kumsamehe, yakaisha. Hisia hiyo tumeipeleka kortini, tukadhani kosa la kudharau mahakama ni ugomvi kati ya mkubwa fulani na jaji.

Agosti 19, 2024, ndugu wawili na mwanaharakati mmoja walitekwa Kitengela, nchini Kenya. Kesi ikafika Mahakama Kuu, na Jaji Lawrence Mugambi akamwita Kaimu Inspekta Jenerali wa Polisi, Gilbert Masengeli, aje mwenyewe aeleze waliko. Hakuja. Akaitwa tena na tena, hadi mara ya saba. Septemba 13 jaji alimhukumu kifungo cha miezi sita, ila akampa siku saba afike kujitetea. Siku chache baadaye Jaji Mkuu Martha Koome aliiambia nchi kwamba walinzi wa Jaji Mugambi wamepokonywa silaha na kuondolewa.

Watatu wale waliachiliwa huko Kiambu makataa yalipofika, baada ya siku 32. Masengeli akaenda kortini, akaomba radhi, kifungo kikafutwa.

Sina kinyongo na jaji kwa kusamehe. Kifungo cha aina hii hakikuwekwa kulipiza kisasi. Kimewekwa ili mtu atii, na akishatii hakuna tena haja ya kumfunga. Lakini amri ile haikuwa mali ya jaji. Ilikuwa ya jamaa waliokesha mwezi mzima bila kujua kama wanamtafuta mtu au maiti. Waliokaidiwa ni wao. Mbona radhi ikapelekwa kwingine?

Bunge nalo lilitunga Sheria ya Kudharau Mahakama mwaka 2016, ikitaka afisa wa serikali apewe notisi ya siku 30 kabla ya kufunguliwa mashtaka ya ukaidi. Siku 30! Watatu wa Kitengela walifichwa 32. Jaji Chacha Mwita aliibatilisha sheria hiyo Novemba 2018, na alifanya vyema kabisa.

Ningetaka korti, kabla ya kumsamehe afisa yeyote, imgeukie yule aliyeipata amri na kumuuliza: umekipata ulichopewa? Asipokuwa amekipata, msamaha ungoje.

Machi 2018 Jaji George Odunga aliwatoza Waziri Fred Matiang’i na maafisa wengine wawili Sh200,000 kila mmoja kwa kukaidi amri ya kumwachilia wakili Miguna Miguna, akaagiza zikatwe kwenye mishahara yao. Adhabu iliwafika wenyewe mfukoni, nami naiheshimu. Ila siku hiyo inatangazwa, Miguna alikuwa keshapakiwa ndege, yuko Dubai. Nyumbani hakurudi hadi Oktoba 2022.