Riposti ilienda, mshahara wa muuguzi uko wapi?

Tarehe 1 Agosti 2018, Ebola ilitangazwa Mangina, karibu na Beni. Mpaka ilipotangazwa kuisha, tarehe 25 Juni 2020, ilikuwa imeua watu 2,287. Wakati ule wauguzi wengi wa Beni na Butembo waliacha vituo vyao wakaingia riposti, maana kule walilipwa kwa siku.

Tusiwalaumu. Kwenye kituo cha afya, wengine hawana hata matrikule, na mwenye iko nayo anaweza kungoja miaka bila mshahara wa serikali. Wanagawana kile mgonjwa analipa. Mgonjwa akikosa feza, muuguzi naye anakosa.

Ngambo ya mpaka, Uganda, muuguzi wa serikali analipwa na serikali, na tangu 2001 vituo vya serikali viliacha kutoza wagonjwa. Huko pia dawa zinakosekana, lakini mshahara hautoki mfukoni mwa mgonjwa.

Februari 2021 Ebola ilirudi upande wa Butembo. Mgonjwa wa kwanza hapokelewi na magari ya riposti. Anapokelewa na muuguzi wa kituo. Basi jina lake liingie kwenye orodha ya malipo ya Kinshasa mapema, ugonjwa mwingine haujafika.