Eti Paul Ince alipewa nafasi. Nafasi gani?

Wadau, kuna sentensi moja imenichosha masikio. Kila mjadala wa makocha weusi wa Uingereza ukianza, iwe kijiweni au kwenye kibanda umiza Jumamosi jioni, lazima atokee mjuaji mmoja aseme: "Si walimpa Paul Ince? Akaboronga!" Halafu anakunja mikono kama wakili aliyemaliza kesi.

Haya, tuifungue hiyo kesi upya.

Kwa wale waliokuwa wadogo, Ince hakuwa mchezaji wa kubahatisha. Kiungo wa West Ham, Manchester United, Inter Milan na Liverpool. Mwaka 1993 akawa mchezaji mweusi wa kwanza kuwa nahodha wa timu ya taifa ya wakubwa ya England, na aliichezea mechi 53. Alikuwa na mdomo, sikatai, hata akajiita "Guv'nor", yaani bosi. Lakini tangu lini unyenyekevu ukawa sharti la kufundisha mpira? Mourinho si angekuwa anauza vitumbua!

Sasa mtu wa wasifu huo akitaka ukocha anaanzia wapi? Macclesfield. Oktoba 2006, daraja la nne, timu iko mkiani kabisa inasubiri kuzikwa. Akainusuru siku ya mwisho ya msimu. Akahamia MK Dons, na msimu wa 2007/08 akachukua ubingwa wa daraja hilo la nne pamoja na kombe la Football League Trophy. Ndipo Juni 2008 Blackburn wakamwita, akawa kocha wa kwanza Mwingereza mweusi katika Ligi Kuu.

Mwenzake alianzia wapi? Juni 2006, miezi michache kabla Ince hajaenda kuokoa wafu, Middlesbrough walimkabidhi timu Gareth Southgate. Timu ya Ligi Kuu hiyo! Alikuwa nahodha wao, hajawahi kufundisha timu yoyote, na leseni inayotakiwa hana, ikabidi aombewe ruhusa. Ince naye alipofika Blackburn ilibidi aombewe ruhusa hiyo hiyo, kwa hiyo hilo la vyeti tuliache, ngoma droo.

Njoo sasa msimu wa 2008/09, wote wawili wako Ligi Kuu. Blackburn walikuwa wameondokewa na kocha Mark Hughes, kipa Brad Friedel kaenda Aston Villa, David Bentley kauzwa Tottenham. Ince akacheza mechi 17 za ligi, akashinda 3. Matokeo mabovu, sitaki kuyapaka rangi. Desemba 16, 2008, kibarua kikaota nyasi. Miezi sita tu! Sam Allardyce akaja na timu ikamaliza ya 15, kwa hiyo ukiniambia uongozi ulikuwa na sababu ya kumtimua, nakubali bila ugomvi.

Lakini msimu huo huo Middlesbrough walitoka Novemba mpaka mwishoni mwa Februari bila kushinda hata mechi moja ya ligi. Southgate? Yupo. Timu ikashuka daraja. Southgate? Bado yupo! Walimwondoa Oktoba 2009, akiwa ameshaanza msimu mpya kule chini.

Na hapo ndipo mjuaji wetu anaponyamaza, maana kilichofuata hakina maelezo mepesi. Mwaka 2013 chama cha soka cha England kilimpa Southgate, mtu mwenye kushusha timu kwenye wasifu wake, vijana wa chini ya miaka 21. Mwaka 2016 akapewa timu ya wakubwa. Nusu fainali ya Kombe la Dunia 2018, fainali ya Euro mwaka 2021, fainali nyingine 2024. Simchukii Southgate, tena namheshimu. Yeye ndiye ushahidi wangu namba moja! Aliyeboronga akiwa kijana alivumiliwa, akajifunza, akakomaa. Jamani, kuna aliyewahi kusema "tulishampa mzungu akashusha timu, basi wazungu wapumzike kwanza"?

Ince alirudi MK Dons, akaenda Notts County, akaenda Blackpool. Huko nako mambo hayakumnyookea, Januari 2014 Blackpool wakamfungashia virago. Halafu kimya. Miaka minane bila timu. Frank Lampard alitimuliwa Chelsea Januari 2021, mwaka mmoja baadaye akapewa Everton, akatimuliwa Januari 2023, na Aprili hiyo hiyo Chelsea wakamrudisha kushikilia usukani! Huyo hakuna anayemtumia kama mfano wa kabila lake.

Utasema wenye timu hawaangalii rangi, wanaangalia hela. Sawa. Basi nieleze ya Sol Campbell. Mechi 73 za England, mabingwa wa 2004 wa Arsenal waliomaliza ligi bila kufungwa, yumo. Novemba 2018 alipata kazi yake ya kwanza ya ukocha. Wapi? Macclesfield! Daraja la nne, mkiani, akawanusuru siku ya mwisho. Mwaka huo huo Steven Gerrard alianza na Rangers, na Lampard na Derby, timu iliyokuwa inapigania kupanda Ligi Kuu. Sisemi kuna kikao cha siri mahali. Nasema mlango wa hawa ni mmoja na wa wale ni mwingine, na wa hawa uko nyuma jikoni.

Tumalizie na Reading. Februari 2022 walimwita Ince wakiwa taabani, akawabakiza daraja la pili. Aprili 2023 klabu ikakatwa pointi 6 kwa mambo ya fedha za uongozi, siku chache baadaye wakamtimua, na timu ikashuka. Mjuaji ataandika kwenye daftari lake: Ince tena. Reading walimaliza na pointi 44. Cardiff, timu ya mwisho kunusurika, walikuwa na 49. Kalamu hiyo, jumlishieni wenyewe.