Amin Alipigwa, Hakushtakiwa

Muulize mwanachuo yeyote Vita vya Kagera viliishaje, atakujibu haraka: tulishinda. Ni kweli. Tarehe 11 Aprili 1979 Kampala ilitekwa na nduli akatimua mbio. Darasani, hapo ndipo somo linapoishia na ubao unafutwa. Mimi nasomea ualimu, na naona somo hili tunalifunga mapema mno. Kushinda vita ni jambo moja. Aliyevianzisha kusimama mbele ya hakimu ni jambo lingine, na hilo halikutokea.

Tukumbushane. Mwishoni mwa Oktoba 1978 majeshi ya Idi Amin yalivuka mpaka, na tarehe 1 Novemba akatangaza kuwa ardhi yote ya kaskazini mwa Mto Kagera sasa ni ya Uganda. Siku chache baadaye daraja la Kyaka likalipuliwa. Nyumba zilichomwa, ng'ombe wakaswagwa, na makadirio yanataja raia wapatao 1,500 waliouawa. Kwa sisi wa Rugera, huku Karagwe na Kyerwa, hiyo si habari ya mbali. Ukitoka Bukoba kuja kwetu unapita Kyaka.

Na Amin? Alikimbilia Libya, kisha Saudi Arabia. Aliishi Jeddah mpaka alipofariki tarehe 16 Agosti 2003. Miaka 24 baada ya vita, na hakuna mahakama iliyomsomea shtaka hata moja kwa uvamizi ule. Msiseme sheria ilikuwa haijazaliwa. Mahakama ya Nuremberg ilishasema tangu 1946 kwamba kuanzisha vita vya uvamizi ni jinai. Kilichokosekana ni mtu wa kumkamata na mahali pa kumpeleka.

Sasa tuje kwenye filamu. Filamu ya hali halisi inayojulikana zaidi kuhusu Amin ni ile ya Barbet Schroeder, ya mwaka 1974. Niliitazama hosteli na wenzangu, na walicheka sana. Amin anapiga kodiani, anawafokea mawaziri wake, anawaonyesha wapiga picha jinsi wanajeshi wake watakavyoiteka milima ya Golan. Inachekesha, sikatai. Lakini miaka 4 baadaye mtu huyohuyo alivamia kweli, na waliovamiwa ni sisi. Isitoshe, Amin alipotaka baadhi ya vipande viondolewe, aliwashikilia Wafaransa waliokuwa Uganda hadi Schroeder akakubali kuvikata. Hebu fikiria: mtuhumiwa ndiye anayeamua ushahidi upi uonekane! Vipande hivyo vilirudishwa baada ya yeye kuanguka.

Hapo ndipo ninapotofautiana na wanaosema filamu kuhusu Amin zimetosha. Zimetosha za kutuonyesha kichekesho au zimwi. Ninayoitaka ni filamu inayofanya kazi ya hati ya mashtaka: nani alitoa amri, lini, nani aliuawa, kijiji gani, nani aliona kwa macho yake.

Jambo hilo linawezekana. Hissène Habré wa Chad alikimbilia Senegal mwaka 1990, akadhani mambo yameisha kama yalivyoisha kwa Amin. Waathirika wake hawakukubali. Walikusanya ushahidi, wakagonga mlango hadi mlango kwa miaka mingi, na tarehe 30 Mei 2016 mahakama maalumu ya Kiafrika mjini Dakar ikamhukumu kifungo cha maisha. Mwezi huohuo filamu ya Mahamat-Saleh Haroun kuhusu waathirika hao ilionyeshwa Cannes. Ndani yake wanaozungumza ni walioteswa, na rais hana nafasi ya kupiga kodiani.

Najua kuna atakayesema: "Dada, Amin ameshakufa, unamshtaki marehemu?" Hapana. Marehemu hashtakiwi. Lakini mashahidi wapo hai, na hawatakuwepo siku zote. Aliyekuwa na miaka 20 mwaka 1978 sasa anakaribia 70. Tukisubiri wafadhili waje, tutarekodi makaburi.

Na kama tunataka haki, tuitake yote. Mwezi Februari 1979 majeshi yetu yaliteka Masaka na Mbarara, na miji hiyo miwili ikabomolewa vibaya. Wenyeji wake nao wana bibi na babu wenye la kusema. Najua si rahisi kulisikia hili, hasa kwa familia zilizopoteza vijana wao vitani. Lakini filamu inayomhukumu Amin huku ikiogopa kuvuka Mutukula na kamera haitakuwa ushahidi. Itakuwa wimbo wa ushindi, na nyimbo hizo tunazo tayari.

Kwa hiyo nina mapendekezo kwa serikali ya wanafunzi. Kwanza, tuonyeshe filamu ya Schroeder na ya Haroun usiku mmoja, kisha tujadili, na wenzetu wa sheria watueleze kwa nini Mahakama ya Kimataifa ya Jinai ilianza kuwa na mamlaka juu ya kosa la uvamizi mwaka 2018 tu. Pili, sisi wa ualimu tutakaopangiwa shule za Kagera kwa mazoezi ya kufundisha, kila mmoja amrekodi mzee mmoja kwa simu yake. Aombe ridhaa kwanza, aandike jina la kijiji na tarehe, na aruhusu mzee azungumze Kinyambo au Kihaya kama ndivyo anavyokumbuka vizuri. Maktaba itunze nakala.

Bumu halitoshi kutengeneza filamu, nalijua hilo. Lakini ushahidi ndio unaotangulia, na simu tunazo.