Thimlich Ohinga Si Kazi ya Kughushi

Hapa Manyatta, ikitajwa Thimlich Ohinga, hakosi mtu wa kudai kwamba yale maboma ya mawe ya Migori hayakujengwa na watu wetu, au kwamba yaliyobaki leo ni maigizo ya kuvutia watalii. Madai haya yanawadhulumu waliojenga, kwa hiyo nitayajibu.

Wa kwanza husema ni kazi ya Waarabu au Wareno. Wareno walifika pwani yetu mwaka 1498 na walijikita hukohuko bandarini. Majumba ya mawe ya pwani yalijengwa kwa matumbawe na chokaa. Thimlich haina chokaa wala jiwe lililochongwa: pande mbili za ukuta zimepangwa mawe makubwa, katikati pakashindiliwa madogo, na kwa kushikana huko tu kuta zimesimama hadi zaidi ya mita 4. Ndani mna mazizi ya ng'ombe na vigae vya vyungu. Mwambani, nje ya boma kubwa la Kochieng, kuna vishimo vya ajua, mchezo tunaoucheza hadi leo. Shanga za kigeni zilizopatikana humo zinathibitisha biashara, hazithibitishi mjenzi. Magofu ya mawe ya Great Zimbabwe nayo yalipachikwa wageni, hata baada ya mwanaakiolojia Gertrude Caton-Thompson kuchimba mwaka 1929 na kuonyesha kuwa ni kazi ya Waafrika.

Wengine husema kilichokarabatiwa ni bandia. Sikubali. Kughushi ni kukusudia kudanganya. Walioishi Thimlich kwa kupokezana, jamii za Kibantu kisha Wajaluo, waliziba palipobomoka kwa mawe yaleyale, na ndiyo maana ipo. Msikiti wa Kizimkazi, Unguja, ulijengwa upya sehemu kubwa karne ya 18, lakini maandishi yake ya Kikufi ya mwaka 1107 ni ya kweli. Wakipaka saruji Thimlich, hapo nitalalamika.

Eti hakuna hati inayotaja waliojenga? Hati nazo hughushiwa. Waraka uitwao Zawadi ya Konstantino ulidai kuwa mfalme huyo wa Roma wa karne ya 4 alimkabidhi Papa mamlaka ya magharibi. Msomi Lorenzo Valla aliuumbua mwaka 1440 kwa kuonyesha kuwa Kilatini chake si cha enzi hizo.

Ukuta wa Thimlich, unaokadiriwa kuanza karne ya 16, uliingia Urithi wa Dunia wa UNESCO mwaka 2018. Anayedai ni wa wageni aende Kochieng, auchunguze, kisha atuletee ushahidi.